Chapa Chini ya Saruji

Usiseme hukuona. Umepita mahali kama pale mara ngapi, ukakuta jiwe la wazee limepakwa saruji, ncha ya mchoro inachungulia pembeni, nawe ukajiambia, "Aa, wamekarabati," ukaendelea na safari? Uliona. Ulijua kuna kitu kimefunikwa na kuna aliyekifunika. Ukageuza shingo kwa sababu jua lilikuwa kali na jiwe halikuwa lenu. Hivyo ndivyo wanavyotuibia: hawangoji tulale, wanangoja tutazame kando.

Turfa binti Mitlaq hakuzaliwa na shingo ya kugeuka. Alikuwa mjane wa miaka arobaini na mitatu, mwenye ngamia tisa, mbuzi wasiopungua sitini, na hema la manyoya alilolifuma kwa mikono yake mwenyewe. Ukoo wake, Shuwaiman, ni ukoo mdogo wa Mabedui. Ukihesabu mahema yao yote huvuki kumi na saba. Hawana mbunge, hawana kanali, hawana mtu mjini wa kumpigia simu. Walichokuwa nacho ni kisima cha Umm Athla, kilichochimbwa na wazee wao katika chokaa ngumu, pima ishirini na mbili kwenda chini, maji yake matamu hata mwaka ambao mvua imewanyima.

Kisima hicho ndicho Sheikh Mijwal wa ukoo wa Dahham alichotaka kukiandikisha kwa jina lake. Kampuni moja ya machimbo ilikuwa inataka bonde zima, na kampuni hainunui bonde lisilo na maji. Karani wa ardhi angekuja Alhamisi. Angeandika mwenye kisima ni nani, angepiga muhuri, na kabla ya kiangazi uzio ungesimama. Mahema kumi na saba yangekwenda wapi? Hakuna aliyeuliza. Pembezoni mwa mji kuna vibanda vya mabati vya kutosha. Huko wamekwisha kutupwa wengi kabla yao, na hadi leo wanauza sigara barabarani.

Hati hakuwa nayo yeyote, si Dahham si Shuwaiman. Enzi za kuchimba visima hakukuwa na hati, kulikuwa na wasm. Siku hizi hata vijana wa pale ukiwatajia neno hilo wanadhani unazungumzia dawa ya mifugo. Wasm ni chapa ya ukoo. Hupigwa kwa chuma cha moto kwenye paja la ngamia, shavuni au shingoni, kila ukoo na mahali pake. Hukatwa kwa tindo kwenye jiwe la kisima. Hukwaruzwa kwenye mwamba mahali ambapo mtu ameacha mizigo yake, naye akirudi baada ya miezi sita ataikuta kamba kwa kamba, kwa sababu mwizi mwenyewe aliiheshimu wasm. Ndugu akihama kwenda kuanzisha tawi lake, huongeza mstari mmoja mdogo ubavuni mwa chapa ya baba. Mstari huo huitwa shahidi. Ukiusoma vizuri ubavu wa ngamia utajua babu yake mwenye ngamia aligombana na nani.

Chapa ya Shuwaiman ni duara lenye mkia mrefu, mfano wa upawa wa kukaangia kahawa. Ya Dahham ni fimbo mbili zilizolala sambamba. Na kwenye jiwe la Umm Athla, bamba jeupe lenye urefu wa mtu aliyelala, zilikuwepo zote mbili.

Ilikuwaje? Kwa ukarimu. Msinicheke, watu hawa ukarimu umewaponza zaidi ya upanga. Mwaka wa theluji, Jarid wa Dahham, babu yake Mijwal, alimuua binamu yake akakimbia na ndugu wa marehemu nyuma yake. Akaingia hemani kwa Suwaylim, babu yake Turfa, akashika mlingoti, akasema, "Nimeingia kwenu." Basi. Mtu akishika mlingoti wako, shingo yake ni shingo yako. Walimficha, wakamlisha, wakamnywesha misimu minne hadi damu ikapatanishwa. Siku ya kuondoka Jarid akaomba jambo moja: apige fimbo zake mbili kwenye jiwe, ili ngamia wake wakipita wanywe bila kuulizwa. Suwaylim hakumwita hata shahidi mmoja. Alimkabidhi tindo mkononi akamwambia, "Piga chini ya yetu, ndugu yangu. Maji hayana choyo."

Mahali pengine duniani mtu angecheka na kukataa. Shuwaiman wakampa na nyundo.

Miaka ishirini na mitano iliyopita, wakati ukoo mzima umehamia malisho ya masika, mafundi walikuja kukarabati kisima. Baba yake Mijwal ndiye aliyewasimamia, ndiye aliyewachinjia kondoo. Shuwaiman waliporudi walikuta mdomo wa kisima umejengewa zege, mfuniko wa chuma, pampu, na bamba jeupe limefunikwa saruji kutoka mwanzo hadi mwisho, isipokuwa upana wa kiganja kwenye ncha moja. Kwenye kiganja hicho vilionekana vichwa vya fimbo mbili. Mitlaq, baba yake Turfa, aliangalia saruji ile, akasema, "Mungu anajua kilichomo chini." Mungu alijua, ndiyo. Ila karani wa ardhi hamwulizi Mungu.

Jumatatu, Sheikh Mijwal akaja hemani kwa Turfa. Alikuja na gari jipya na dereva wake, Hulayyil, kijana wa ukoo mwingine usio na jina, ambaye alikaa karibu na kamba za hema kama mtu aliyekuja kusubiri dawa hospitalini. Nawwash, kaka yake Turfa, askari mstaafu, alikuwepo. Alimwaga kahawa chungu yenye hiliki kikombeni akampa mgeni. Mijwal akakipokea, akakiweka chini mbele yake bila kukigusa na midomo.

Kila aliyekuwepo alielewa. Mgeni akiweka kikombe chini ana haja, na mwenyeji akisema "kunywa, umepewa," haja hiyo imekwisha kuwa deni la heshima, hata kama ni kichwa cha mwanawe.

Nawwash akajikohoza. "Kunywa kahawa yako, Sheikh. Haja yako..."

"Nawwash," Turfa akamkata kutoka upande wa wanawake, akanyanyua pazia na kutoka mzima mzima. "Hema hili umelifuma wewe?"

"Dada, tuko na mgeni."

"Nimemwona. Nakuuliza hema kalifuma nani?"

"Wewe."

"Mlingoti ule ni wa nani?"

Nawwash akatazama kahawa.

"Sheikh," Turfa akasema, "Mungu akupe afya. Kikombe umekiweka mbele ya mgeni mwenzako. Mwenye nyumba ndiye mimi. Sema haja yako niisikie kwanza, kisha tutaona kama kahawa itanywewa."

Mijwal akatabasamu tabasamu la wagombea uchaguzi. "Binti Mitlaq, sisi ni watu wa kisima kimoja. Alhamisi anakuja karani. Mambo ya ofisi, karatasi, jua kali. Sitaki mjisumbue. Bakieni majumbani, na mimi naahidi mahema yenu hayatakosa maji. Nitawaletea boza la maji kila wiki."

"Utatuletea maji yetu kwa gari?"

"Dada yangu, mbona unayafanya maneno kuwa magumu?"

"Sijafanya. Nimeyarudia tu kama ulivyoyasema."

Nje, Hulayyil dereva alijifanya anakohoa. Mijwal alimgeukia kwa jicho, kikohozi kikapona papo hapo.

"Una chapa gani pale?" Mijwal akauliza, sasa bila tabasamu. "Nionyeshe. Kila mtu anaona fimbo mbili. Karani ana macho."

"Kahawa inapoa, Sheikh."

"Umenipa haja yangu?"

"Sijakupa."

Akainuka. Kikombe kikabaki pale kimejaa. Gari lilipoondoka Nawwash alikaa akikitazama kama bomu ambalo halijalipuka. "Miaka hamsini na tisa nimeishi," akasema, "sijaona mgeni ametoka hema la baba yangu na kikombe chake kimejaa."

"La baba yako lilioza mwaka wa nzige," Turfa akasema. "Hili langu." Akakichukua kikombe akakimwaga kwenye majivu.

Jumanne saa sita mchana alichukua nyundo ya kupigilia vigingi na tindo la marehemu mumewe, akapanda punda hadi kisimani. Alipiga magoti mbele ya bamba. Alikuwa msichana wa miaka minane alipoanza kuteka maji hapo kwa kamba, na mikono yake ilijua kilichomo chini ya saruji ile kuliko macho. Kamba za vizazi zilikuwa zimelila jiwe hadi likatoka michirizi yenye kina cha kidole. Mchirizi mkubwa ulipita katikati ya duara la upawa, ukalikata mara mbili. Alikuwa akiweka kidole gumba humo akivuta.

Akainua nyundo. Akapiga mara moja. Saruji ikatoa ufa mwembamba kama unywele.

"Endelea," sauti ya Nawwash ikasema nyuma yake. Alikuwa amemfuata kwa miguu, jasho limemlowesha. "Endelea, vunja. Kisha Alhamisi Mijwal amwambie karani, 'Angalia, mwanamke huyu amechonga upawa wake juzi. Nyundo hii hapa, vumbi hili hapa.' Mna akili kweli, wanawake wa Shuwaiman. Mnapeleka ushahidi wenu wenyewe gerezani."

Turfa akashusha nyundo.

Akafuta vumbi la ufa kwa kidole. Hakupenda kumkubalia Nawwash jambo lolote, tangu utotoni. Lakini neno la haki hata likitoka kwa mwoga ni la haki.

"Umesema kweli," akasema.

Nawwash akashtuka. "Nimesema?"

"Mara moja katika miaka hamsini na tisa. Tusiizoee." Akafunga nyundo ndani ya kilemba. "Sitaivunja leo. Nitaivunja mbele yake."

"Mbele ya karani? Turfa, ile saruji ni mali ya serikali. Na mimi nakula pensheni ya serikali."

"Basi wewe Alhamisi usishike nyundo. Shika punda."

Alhamisi saa nne asubuhi walifika: karani wa ardhi, Bwana Sabri, mtu wa mjini mwenye viatu vya kung'aa vilivyokuwa tayari vimeshaumia, Mijwal na wanaume sita wa Dahham, na Hulayyil kwenye usukani. Upande wa Shuwaiman walikuja wote. Turfa alikuwa amezunguka mahema kumi na saba siku nzima ya Jumatano, hema baada ya hema, na kila aliyesema "tutaona" alijibiwa, "Utaona ukiwa pale." Walikuja wanawake na vitoto mgongoni, wakaja majirani wanne wa koo nyingine ambao ngamia wao hunywa hapo. Walisimama mbali kidogo, kama watu wanaotazama ajali.

Bwana Sabri akainama kwenye bamba, akaona fimbo mbili, akapiga picha kwa simu, akaanza kuandika.

"Bwana karani," Turfa akasema, "umepiga picha ya saruji?"

"Ya saruji? Ya nini?"

"Piga. Yote. Ionekane nzima, haijafunuliwa. Na ufa huu mwembamba uupige pia, huu ni wangu, niliupiga Jumanne nikaacha. Sitaki aseme mtu nimeuficha."

Karani alimtazama Mijwal, akamtazama tena yule mwanamke, akapiga picha tatu. Mtu wa karatasi ukimwomba karatasi zaidi huwa hana la kukataa.

"Sasa andika saa."

"Mama, una nini?"

"Andika saa, Mungu akuhifadhie wanao."

Akaandika. Hapo ndipo Turfa alipofungua kilemba akatoa nyundo.

Mijwal akaruka mbele. "Hiyo ni mali ya umma. Karani, mzuie. Hili ni kosa la jinai."

"Ni kosa, mama," karani akasema, na sauti yake ilionyesha kwamba kweli hakulitaka. "Kuharibu jengo la kisima kuna faini."

"Niandikie."

"Nini?"

"Faini. Niandikie sasa hivi, jina ni Turfa binti Mitlaq wa Shuwaiman, kadi yangu hii. Nitailipa kwa ngamia ikibidi. Ukishaandika, umeandika pia kwamba nimeivunja leo, saa hii, mbele yako, na si jana."

Mmoja wa vijana wa Dahham akacheka kwa sauti. "Wallahi, huyu angekuwa mwanamume tungemwoza dada yetu."

"Dada yenu nampenda, nyie mashemeji ndio nisiowataka," Turfa akasema, akapiga.

Kipande cha kwanza kilitoka kama gamba la mkate uliokauka. Saruji ilikuwa ya kulipua, mchanga mwingi, ya mafundi waliokuwa na haraka. Alipiga na hakuna aliyemsaidia. Nawwash alishika punda kama alivyoagizwa. Kisha punda akaachwa. Nawwash alikuja akapiga magoti upande wa pili, akaanza kuondoa vipande kwa kucha zake, pensheni au bila pensheni.

Upawa ulitoka mweupe, duara na mkia, mzee. Kamba zilikuwa zimeukata mara mbili, kingo za duara zimelainika ndani ya michirizi kama meno ya mzee.

"Hii ndiyo wasm yetu," Turfa akasema.

"Na yetu iko hapo pia," Mijwal akasema haraka. "Basi kisima ni cha wote. Waliokikarabati ni sisi, na wengi ni sisi. Andika, karani: Dahham, na hawa washirika wadogo."

Karani akashusha pumzi. Jambo hili lilimfaa: wawili, nusu kwa nusu, arudi mjini kabla ya chakula cha mchana.

"Ngoja," Turfa akasema. Akavunja kipande cha mwisho, palipokuwa na mikia ya fimbo mbili. Akapuliza vumbi, akamshika karani mkono. Wanawake waliguna, mwanamke hamshiki mwanamume mgeni mkono. Akamwekea kidole kwenye mchirizi wa kamba, akakiburuza. "Sikia. Kwenye upawa wetu, kamba imepita juu ya mchoro. Imeulamba. Sasa njoo huku. Hii fimbo ya Jarid. Fuata. Unashuka?"

Kidole cha karani kilitelemka ndani ya mchirizi. Kikasimama. Humo chini, kwenye sakafu ya mchirizi, mkato wa tindo uliendelea, mkali, kingo zake hazijalambwa na kamba yoyote, kisha ukapanda ukingo wa pili na kuendelea juu.

"Aliyepiga fimbo hizi," Turfa akasema, "alikuta mchirizi uko tayari. Tindo lilishuka bondeni likapanda tena. Kamba za wazee wangu zilikuwa zimekwisha kula jiwe miaka mia kabla hajafika. Na baada yake wazee wangu waliacha kupitisha kamba upande huu, wasiifute alama ya mgeni, iliyopigwa chini ya yetu, mbali na mdomo. Sheikh, njoo nawe uweke kidole."

Mijwal hakusogea.

"Weka tu. Ukisema si hivyo, mbele ya watu hawa, nakunja hema leo."

Upepo ulipita. Mmoja wa wazee wa Dahham, mtu mzima mwenye macho ya maji, alitazama pembeni na kusema polepole, "Baba alisema tulikunywa hapa kwa hisani yao." Mijwal akamwambia anyamaze. Mzee akanyamaza, lakini neno lilikuwa limekwisha kutoka na watu hamsini walilisikia.

Karani alijifuta kidole kwenye suruali. "Mama, nimeona. Lakini fomu yangu ina hati, ramani, na mkataba. Haina... ulisema inaitwaje?"

"Wasm."

"Neno hilo halimo."

"Basi liandike."

"Pembeni ya fomu?"

"Pembeni, juu, mgongoni. Sisi tulitunza kisima hiki kwa neno hilo tangu kabla baba wa baba wa ofisi yako hajazaliwa. Andika: wasm ya Shuwaiman ya kwanza, wasm ya Dahham ya mgeni, imepigwa juu ya mchirizi wa kamba."

Aliandika. Herufi zake zilijaa pambizo lote. "Hili ni pingamizi," akasema. "Linasimamisha usajili. Ila linataka mashahidi watano wasio wa ukoo wako, wasaini leo, hapa, mbele yangu. Bila hao watano, pambizo ni pambizo tu."

Majirani wanne walikuwa pale. Watatu walisaini bila neno. Wa nne alisema ana deni kwa Mijwal. Turfa akamtazama, na yule jirani, baada ya kujikuna kichwa sana, akasaini, akinung'unika kwamba atakuja kujuta. Wanne.

Karani akatazama saa yake.

Mlango wa gari la Mijwal ukafunguliwa. Hulayyil akashuka, akaacha funguo kwenye usukani, akaja akijifuta mikono kwenye kanzu.

"Hulayyil," Mijwal akasema, "rudi kwenye gari."

"Nimekunywa hapa tangu niko mgongoni mwa mama," kijana akasema, si kwake, kwa karani. "Mama alikuwa akiomba ruhusa kwa baba yake huyu mama. Hakuwahi kuomba kwa Dahham. Nisaini wapi?"

"Ukisaini, utarudi kwa miguu."

"Ni kilomita kumi na nane, Sheikh. Nimezoea."

Akasaini. Watano. Karani akapiga muhuri pembezoni mwa fomu, juu ya neno ambalo ofisi yake haikuwa nalo, na juu ya karatasi nyingine akaandika faini ya saruji, akampa Turfa zote mbili kwa heshima ileile. Usajili umesimama. Haujafutwa; umesimama. Shauri litasikilizwa mjini, na Mijwal ana mawakili. Turfa ana mashahidi watano, jiwe lililo wazi, na dereva mmoja asiye na kazi ambaye kuanzia siku ile hula hemani kwake.

Nawe je? Kwenu kuna jiwe. Kuna mpaka wa mawe, kuna kaburi, kuna chanzo cha maji, kuna mwamba wenye mkwaruzo ambao bibi yako alikuambia ni wenu na ukacheka. Kuna mwenye haraka na saruji anayeujua kuliko unavyoujua wewe. Usimsubiri apakae. Ondoka ulipo sasa, mchana huu, jua likiwaka ili kila mtu aone. Chukua watu watano wasio wa damu yako. Weka kidole kwenye alama, piga picha, andika siku na saa, na jina lake kwa lugha ya wazee wako. Ofisi ya ardhi inafunguliwa saa mbili asubuhi. Kesho uwe wa kwanza mlangoni.